Lineker, lugha na dakika 20 za kimya

USIKU wa Jumamosi, Machi 11, 2023, shirika la BBC lilipeperusha kipindi chake kikongwe cha soka, Match of the Day, kwa namna iliyowaacha Waingereza vinywa wazi. Hakukuwa na mfawidhi. Viti vya wachambuzi havikuonekana. Muziki wa ufunguzi, ambao Mwingereza huujua kama ajuavyo jina lake, haukupigwa. Mabao yaliingia, nyavu zikatikisika, mashabiki wakashangilia, lakini hapakuwa na sauti ya mtu wa kutwambia nani kafunga na kafungaje. Kipindi ambacho kwa kawaida huzidi saa nzima kikamalizika baada ya dakika 20.

Kisa na maana? Mfawidhi wake, Gary Lineker, alikuwa ameondolewa hewani siku iliyotangulia, na wenzake wakakataa kuingia studio bila yeye. Ian Wright alitangulia kujitoa, Alan Shearer akafuata, kisha watangazaji wa mechi zenyewe. Wala Lineker hakuondolewa kwa ulevi, wizi, au zile kashfa ambazo tumezoea kusikia zikiwaangusha watu wa televisheni. Aliondolewa kwa sababu ya sentensi. Na ndani ya sentensi hiyo, neno lililozua zogo lote lilikuwa "lugha".

Mtu akifutwa kazi ya mpira kwa sababu ya neno "lugha", basi sisi wa safu hii hatuna budi kuisogelea habari hiyo. Lakini kabla ya sentensi yenyewe, tumtazame msemaji, maana sidhani kwamba zogo hilo lingekuwa kubwa kiasi kile kama angekuwa mtu mwingine.

Wasomaji wa rika langu walimjua Lineker kwa uchungu. Mnamo 1990, katika robo fainali ya Kombe la Dunia mjini Naples, Cameroon ya Roger Milla ilikuwa ikiongoza Uingereza 2-1 na Afrika nzima tayari imeshaanza kuhesabu nusu fainali. Halafu refa akatoa penalti, Lineker akafunga. Muda wa nyongeza refa akatoa penalti nyingine, Lineker akafunga tena. 3-2. Hadi leo nikisikia jina lake, kitu cha kwanza kinachonijia si BBC wala Twitter, bali yule jamaa mtulivu mbele ya kipa wa Cameroon, asiyeonekana kuwa na haraka yoyote.

Utulivu huo ndio uliokuja kuwa mali yake. Alizaliwa Leicester mnamo 1960, akaichezea klabu ya nyumbani, kisha Everton, Barcelona, Tottenham na hatimaye Nagoya Grampus Eight ya Japani. Alifungia timu ya taifa mabao 48 katika mechi 80, moja pungufu ya rekodi ya Bobby Charlton wakati huo. Alikuwa mfungaji bora wa Kombe la Dunia la 1986 kwa mabao sita. Na katika miaka yote hiyo hakuonyeshwa kadi, si ya manjano si nyekundu. Kule Barcelona alijifunza Kihispania akakimudu, jambo ambalo wachezaji wengi wa Kiingereza wa enzi zake hawakujisumbua nalo. Nalitaja hili kwa sababu mtu aliyelazimika kuishi katika lugha ya wengine huwa na sikio tofauti. Hujua kwamba neno ni kitu unachokichagua, hulikuti tu mdomoni.

Kuna picha moja ya televisheni ambayo kwa maoni yangu ndiyo mwanzo halisi wa kazi yake ya utangazaji, ingawa bado alikuwa amevaa jezi. Ni nusu fainali ya 1990 dhidi ya Ujerumani Magharibi mjini Turin. Paul Gascoigne ameonyeshwa kadi ya manjano ambayo ingemfungia nje ya fainali, midomo inamtetemeka, machozi yanamlengalenga. Kamera inamnasa Lineker akigeukia benchi la kocha Bobby Robson. Ananyoosha kidole kuelekea jichoni mwake, kisha midomo yake inasema maneno machache ambayo hayasikiki. Mamilioni ya watu waliyasoma midomoni: zungumza naye. Maneno hayo hayakuwa na sauti, yalielekezwa kwa mtu mmoja, na kila mtu aliyaelewa. Alijua, labda bila kujua, jinsi uso unavyozungumza na kamera.

Baada ya mechi hiyo, ambayo Uingereza ilipoteza kwa mikwaju ya penalti, ulizaliwa ule msemo wake mashuhuri kwamba soka ni mchezo rahisi, watu 22 hukimbiza mpira kwa dakika 90 na mwishowe Wajerumani hushinda. Angalia ulivyosukwa. Unaanza kama fasili ya kitabu cha shule, unapita kwenye hesabu mbili kavu, halafu unaishia pale ambapo hesabu haitoshi. Mnamo 2018 Ujerumani ilipotolewa katika hatua ya makundi nchini Urusi, mwenyewe aliufanyia marekebisho msemo wake hadharani, akitangaza kwamba toleo la zamani limepelekwa makavazini. Mtu anayetoa toleo la pili la sentensi yake huyo ana moyo wa uandishi.

Haya, sasa tuingie studio. Lugha yetu ina tatizo hapa. Neno "mtangazaji" tumelibebesha mizigo mitatu. Anayesoma habari ni mtangazaji. Anayesimulia mechi ikiendelea, ni mtangazaji. Anayeketi studioni kuwakaribisha wageni na kuwauliza maswali, naye pia ni mtangazaji. "Mchambuzi" angalau tumemtenga. Kwa huyu wa tatu mimi napendelea neno "mfawidhi", ambalo Wakenya wengi wanalijua kutokana na hafla na makongamano. Mfawidhi hana habari yake mwenyewe ya kutangaza. Kazi yake ni kupokea na kupitisha, kujua nani aongee na lini anyamaze, na kuhakikisha kwamba wakati wa matangazo ya mwisho ukifika hakuna aliyeachwa katikati ya sentensi.

Lineker aliingia kwenye kiti hicho mnamo 1999 baada ya Des Lynam kuhamia ITV. Lynam alikuwa bingwa wa kazi hiyo, mtu wa masharubu na kejeli nyepesi, asiyepandisha sauti hata dari likianguka. Kumrithi mtu wa aina hiyo ni shughuli. Lineker alikuwa ameanza kwa kuketi upande wa wachambuzi, akawa pia nahodha katika kipindi cha vichekesho vya michezo, They Think It's All Over, na kwenye matangazo ya kibiashara akauza krispi za Walkers, kampuni ya kwao Leicester. Wengi walidhani huyu ni mchezaji mwenye sura nzuri tu anayesoma alichoandikiwa.

Alivyokwea ni jambo la kujifunza kwa yeyote mwenye maikrofoni. Nimetazama vipindi vyake vingi, vya zamani na vya karibuni, nikisikiliza maswali badala ya majibu. Maswali ya miaka ya mwanzo ni marefu. Yana utangulizi, yana takwimu, na aghalabu tayari yana jibu ndani yake, hivi kwamba mchambuzi anabakiwa na kazi ya kukubali tu. Kadiri miaka inavyosonga, maswali yanafupika. Mwishowe anauliza kwa maneno matatu au manne, wakati mwingine anataja jina la mchezaji tu na kumtazama Shearer. Shearer anajua la kufanya. Hiyo ndiyo kazi ya mfawidhi aliyeiva: anapunguza. Mfungaji wa mabao ambaye maisha yake yote alikuwa akingoja mpira mmoja ndani ya kisanduku alijua kungoja, na kungoja ni nusu ya uhojaji.

Linganisha na wachambuzi. Mnamo Agosti 1995 Alan Hansen, baada ya Manchester United kufungwa 3-1 na Aston Villa, alisema kwenye kipindi hichohicho kwamba huwezi kushinda chochote ukiwa na watoto. Watoto wale walinyakua ligi na kombe la FA msimu uleule, na sentensi hiyo imemfuata Hansen hadi leo. Mchambuzi hulipwa kwa kukosea hadharani. Mfawidhi hulipwa ili asishikwe na sentensi yoyote. Na kulipwa Lineker alilipwa, tena vinono: takriban pauni milioni 1.35 kwa mwaka katika miaka yake ya mwisho, kiasi kilichomweka kileleni mwa orodha ya malipo ya BBC na kuwapa mahasimu wake fimbo ya kumchapia kila waliponuna.

Sasa twende kwenye sentensi iliyomshika.

Mnamo Machi 7, 2023, serikali ya Uingereza ilitangaza mswada wa kuwazuia watu wanaovuka bahari kwa mashua ndogondogo kuomba hifadhi. Waziri wa masuala ya ndani, Suella Braverman, ndiye aliyekuwa mbele. Lineker aliandika kwenye Twitter kwamba hiyo ilikuwa sera katili isiyo na kifani, inayowalenga watu walio hoi zaidi, kwa lugha isiyotofautiana na ile iliyotumiwa na Ujerumani katika miaka ya 30.

Kilichofuata ni funzo la jinsi vyombo vya habari hutafsiri hata ndani ya lugha moja. Kufikia asubuhi, vichwa vya habari vilikuwa vinasema Lineker amelinganisha serikali na Wanazi. Isomeni tena sentensi. Hakutaja Wanazi. Hakusema kwamba serikali inatenda yaliyotendwa na Ujerumani. Alichokiweka mizanini ni lugha na lugha. Kulinganisha msamiati wa watu wawili si kulinganisha matendo yao, kama vile kusema mtoto anaongea kama babu yake si kusema ana mvi. Waliohamisha ulinganisho kutoka kwenye maneno hadi kwenye kambi za mauaji ndio waliofanya kazi ambayo Lineker hakuifanya, halafu wakamdai maelezo.

Hilo ni la kumtetea. Lakini mimi ni mwalimu, na mwalimu hawezi kuishia hapo. Kuna kasoro mbili katika sentensi hiyo ambazo wafuasi wake waliojaa hasira hawakutaka kuziona.

Ya kwanza ni namna alivyokanusha. Kwa Kiingereza alitumia kanusho juu ya neno ambalo lenyewe tayari ni kanusho, kitu kama "si isiyofanana". Kiswahili hakina mazoea ya kujificha hivyo. Sisi husema "haina tofauti na", na msikilizaji wetu huelewa "ni sawasawa na". Ndiyo maana tafsiri ya Kiswahili ya maneno yake huwa kali kuliko asili. Katika Kiingereza cha watu wa tabaka fulani, ukanushaji wa mara mbili ni mlango wa uani: unasema jambo zito huku umeacha njia ya kutokea iwapo mambo yataharibika. Jambo kubwa namna ile lilistahili kupitia mlango wa mbele.

Ya pili ni nzito zaidi. Alitoa hoja kuhusu lugha bila kunukuu lugha. Mwanafunzi wangu akiandika kwamba lugha ya mwanasiasa fulani inafanana na ya zama fulani, nitamwandikia pembeni kwa wino mwekundu: mfano? Na mfano ulikuwepo. Mnamo Oktoba 31, 2022, Braverman alisimama bungeni akaita ujio wa mashua hizo uvamizi wa pwani ya kusini. Uvamizi! Familia iliyojibana ndani ya mpira uliojazwa upepo, nusu yao hawajui kuogelea, ni jeshi vamizi. Lineker angeliweka neno hilo moja mezani, ubishi ungekuwa juu ya neno, na waziri ndiye angelazimika kujieleza. Badala yake aliiacha Ujerumani nzima mezani, na kila mtu akakata kipande alichokipenda.

Ipo njia ya kufanya kazi hiyo vizuri. Victor Klemperer, Myahudi wa Dresden aliyekuwa msomi wa filolojia, alikaa ndani ya Ujerumani ileile akiandika shajara kuhusu maneno: maneno gani yameanza kutumika sana, vifupisho gani vimeingia, sifa gani zinarudiwa hadi zinapoteza makali. Kitabu chake kilichapishwa mnamo 1947. Hakutangaza tu kwamba lugha imeoza. Alionyesha neno baada ya neno. Bila shaka simtarajii mfungaji wa mabao awe Klemperer kwenye herufi 280. Ninachosema ni kwamba ukichagua uwanja wa lugha kuchezea, sheria za uwanja huo zitakuhusu.

Lakini swali lililowashughulisha Waingereza halikuwa hilo hata kidogo. Wao waliuliza iwapo mtu wa mpira ana haki ya kusema. BBC hulipiwa na ada ya leseni ya kila mwenye televisheni, na watumishi wake wa habari hutakiwa kutoegemea upande. Lineker hakuwa mtu wa habari wala mwajiriwa wa kudumu, alifanya kazi kwa mkataba. Basi je, akivua koti la studio na kuchukua simu yake mwenyewe ni nani? Mkurugenzi mkuu, Tim Davie, aliomba radhi kwa mvurugiko na siku mbili baada ya zile dakika 20 akamrejesha kazini. Wikendi iliyofuata Lineker alirudi hewani, halafu siku ya pili yake sauti ikampotea kwa ugonjwa akashindwa kufanya kipindi. Kejeli za namna hii huwezi kuzitunga.

Hapa kwetu swali la sauti ya mtangazaji tulilijibu kwa njia ya kutisha zaidi. Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki Februari 2025, alikuwa sauti ya mpira kwa vizazi kadhaa vya Wakenya. Sisi soka ilitufikia kama maneno kabla haijatufikia kama picha. Mtu alikaa chini ya mwembe na redio ya betri, akaona uwanja mzima kupitia koo la Mbotela. Baba yake, James Mbotela, ndiye mwandishi wa Uhuru wa Watumwa, kwa hiyo unaweza kusema maneno yalikuwa urithi wa nyumba. Alfajiri ya Agosti 1, 1982 wanajeshi waasi wa jeshi la wanahewa walimtoa nyumbani wakampeleka Sauti ya Kenya, akalazimishwa kutangaza kwamba serikali imepinduliwa. Kwa nini yeye? Kwa sababu sauti iliyokuwa imewatangazia watu mabao bila kuwadanganya ndiyo ambayo watu wangeiamini. Waasi walielewa jambo ambalo wakubwa wa BBC walijifanya hawalielewi: imani inayojengwa uwanjani haibaki uwanjani.

Sifananishi masaibu yao. Mmoja alishikiwa bunduki, mwingine alikatiwa kipindi kimoja huku mshahara ukiendelea. Ninachotaka msomaji akione ni kwamba mwenye maikrofoni ya mpira hajawahi kuwa mtu wa mpira tu, na wenye nguvu wamekijua hicho muda mrefu.

Na zile dakika 20, je? Watazamaji walikuwa takriban milioni 2.6, karibu nusu milioni zaidi ya wiki iliyotangulia. Waliomchukia Lineker walishangilia: mnaona, hatuwahitaji hawa wasemaji. Mimi sikubaliani. Watu hukusanyika pia kutazama nyumba inayoungua. Katika kipindi kile mtazamaji aliona mpira ukiingia wavuni bila kujua kama ni wa kwanza au wa tatu kwa mfungaji, kama refa alisita, kama yule anayechechemea amebadilishwa. Aliye kipofu hakupata kitu. Aliyekuwa jikoni akisikiliza kwa sikio moja hakupata kitu. Picha bila msimulizi ilibaki kama kelele za jirani nyuma ya ukuta. Nakubali jambo moja: wachambuzi hawakukosekana sana. Msimulizi ndiye aliyekosekana, yule anayetaja majina. Pengine watangazaji wetu wa Kiswahili, ambao siku hizi wameanza kuzamisha mechi ndani ya nahau, masogora wa gozi la ng'ombe, miamba wa dimba, nyavu zimecheka, zimelia, zimecheka tena, wangekumbuka kwamba mtu kwanza anataka kujua nani ana mpira.

Lineker mwenyewe si malaika wa msimamo. Novemba 2022, BBC ilipofungua matangazo ya Kombe la Dunia la Qatar, aliyaanza kwa kueleza hali ya wafanyakazi wahamiaji, tuhuma za ufisadi na sheria dhidi ya ushoga, huku sherehe ya ufunguzi ikikosa nafasi kwenye chaneli kuu. Ilikuwa hotuba fupi, iliyopangwa vizuri, na nilipoisikia nilipiga saluti. Lakini Desemba 1, 2017 mtu huyohuyo alisimama katika jumba la Kremlin jijini Moscow akaendesha droo ya Kombe la Dunia la Urusi, akitabasamu, miaka mitatu baada ya Crimea kutwaliwa. Wahenga wetu wana methali za kutosha kwa hali kama hii, chagua uipendayo.

Kisha ikaja Mei 2025, na hapa ndipo uhakiki wangu unapokuwa mgumu. Alikuwa tayari ametangaza kwamba angeacha Match of the Day mwisho wa msimu lakini abaki kwa Kombe la FA na Kombe la Dunia la 2026. Akasambaza kwenye Instagram video iliyouhusu Uzayuni, na katika chapisho hilo palikuwa na emoji ya panya. Panya ni picha ambayo propaganda ya Wanazi iliwabandika Wayahudi. Alisema hangesambaza kitu cha chuki dhidi ya Wayahudi akijua, kwamba alipotambua alikifuta, akaomba radhi. Siku chache baadaye ikatangazwa kwamba anaondoka kabisa.

Namwamini kwamba hakujua. Lakini yeye ndiye aliyetwambia mnamo 2023 tusikilize mwangwi wa miaka ya 30. Msamiati aliotutahadharisha nao ulikuwa na wanyama ndani yake. Sisi Waafrika Mashariki tunaujua vilivyo: Rwanda mnamo 1994 redio ya RTLM iliwaita watu mende, na hapa Kenya neno "madoadoa" liliingia kwenye orodha ya maneno ya chuki ya tume ya NCIC mnamo 2022 kwa sababu tunakumbuka lilikotufikisha. Binadamu akishaitwa mdudu, doa au panya, kinachofuata huitwa usafi. Mtu anayekosoa lugha ya waziri anapaswa kukagua kilicho kwenye kidole chake kabla hajabonyeza, na emoji ni lugha pia, tena ile isiyohitaji mkalimani. Sentensi ya 2023 ilikuwa yake, aliifikiria akaiandika. Chapisho la 2025 lilikuwa la wengine, alilipitisha tu. Ajabu ni kwamba kupitisha ndiyo kazi aliyoifanya kwa miaka 26, na kwa ustadi, akijua wakati wote nani anaongea na anaongea nini. Simu ilimpokonya ustadi huo kwa sekunde moja.

Sikubaliani na wanaosema kwamba kosa hilo linafuta lile la awali, eti sasa imethibitika kwamba alikuwa mpiga kelele tangu mwanzo. Hoja ya 2023 itabaki na uzito wake, pamoja na mapengo niliyoyataja. Wala sikubaliani na wanaosema amefukuzwa kwa sababu ya Gaza peke yake. Angeandika kuhusu watoto wa Gaza kwa maneno yake mwenyewe, kama alivyokuwa amefanya mara kadhaa, panya asingepata pa kuingilia.

Kipindi chake cha mwisho kilirushwa Mei 25, 2025. Kiti hicho sasa kimegawanywa kwa watu watatu, Mark Chapman, Kelly Cates na Gabby Logan, ambao hupokezana. Wote ni wanahabari wa michezo kwa taaluma, na wote huuliza maswali mafupi. Yeye yuko kwenye podikasti, The Rest Is Football, inayotengenezwa na kampuni yake mwenyewe, akipiga soga na Shearer na Micah Richards. Huko hakuna anayemhesabia dakika. Nimesikiliza vipindi kadhaa. Ni vya kuchekesha, na Richards akicheka huwezi kujizuia. Lakini maswali ya Lineker yameanza tena kuwa marefu.